Mwongozaji na Dakika Yake ya Ukimya

Kama uliwahi kukaa naye chumba kimoja, basi na wewe uliwahi kunyamazishwa. Nimemfahamu kwa zaidi ya miaka ishirini na sijui mtu aliyewanyamazisha watu wengi kumshinda: maprofesa, wachungaji, meya mmoja, mkwe wangu, na siku moja mbwa wa jirani, ambaye mpaka leo sielewi alimwambia nini. Alikuwa Mjerumani, mtengenezaji wa filamu za sayansi na historia, na makao yake yalikuwa Hallunda, pembezoni mwa Stockholm, ghorofa ya nane ya jengo ninaloishi mimi ghorofa ya tatu. Watu wa jengo walimwita Mama Kamera. Mimi nilimwita Mwongozaji, kwa sababu nilifanya naye kazi, na kwa sababu nilipenda watu wajue kwamba nafanya naye kazi.

Kunyamazisha huko kulikuwa sehemu ya kazi yenyewe. Kila chumba kina sauti yake hata kikiwa kitupu: friji, mabomba, upepo dirishani, treni inayopita mbali. Akimaliza kumhoji mtu, kabla taa hazijazimwa, aliinua mkono wa kushoto na sote tulikaa kimya dakika nzima, huku kinasa sauti kikichukua ukimya huo. Baadaye, akikata maneno na kuyaunganisha, aliziba mianya kwa ukimya wa chumba kilekile. "Ukimya wa jikoni hauzibi pengo la sebuleni," alinifundisha. "Watu watasikia kwamba wamedanganywa, hata kama hawajui ni wapi." Dakika ikiisha alisema neno moja la Kiswahili nililomfundisha mimi: "Imetosha."

Matatizo yalianza alipoileta dakika yake kwa watu wetu. Sisi wa Burundi, Tanzania na Kongo, ukitukusanya sebuleni ukatuambia sote tunyamaze, tunajua kinachofuata. Palikuwa na fundi cherehani mmoja, mzee wa Kirundi, aliyeishi jengo la pili kutoka letu na mkewe na mjukuu wao wa kike. Siku ya kwanza Mwongozaji alipoinua mkono nyumbani kwake, fundi alifumba macho, mkewe akavua miwani, na ilipofika sekunde ya hamsini na kitu nyumba nzima ikatoa "Amina!" iliyorusha sindano ya kinasa sauti mpaka mwisho. Mimi mwenyewe, Mwislamu wa Tanga, nilishtukia nimeitikia.

Mwongozaji alinitazama. Nikamweleza. Akaomba turudie. Fundi akaona kumbe mgeni ana haja kubwa, akasali kwa bidii zaidi, akatoa Amina sekunde ya arobaini. Nikamwendea nikamwambia kwa heshima kwamba hii si sala, ni kazi ya mashine tu.

"Bon, Mwalimu," akanijibu, "mashine ichukue yake na Mungu achukue yake. Kuko ubaya gani?"

Waliniita Mwalimu kwa sababu ndiyo kazi yangu. Nafundisha Kiswahili, kama lugha ya mama, katika shule za huku kusini mwa Stockholm, saa moja kwa juma kwa watoto ambao nikiwasalimia "hamjambo" wananijibu kwa Kiswidi, "hej". Kazi hiyo humpa mtu subira au humpa shinikizo la damu. Mimi imenipa vyote viwili. Kwa hiyo Mwongozaji aliponifuata kwenye chumba cha kufulia nguo, miaka ile, akaniuliza kwa Kiswidi chake kikavu kama ningeweza kumsikilizia kanda fulani, nilikubali kabla hajamaliza kusema. Hatukuwahi kuongea lugha nyingine zaidi ya Kiswidi, kila mmoja na lafudhi yake, na hakuna aliyewahi kumcheka mwenzake kwa hilo.

Alikuwa na chumba chake cha uhariri chini ya jengo, karibu na stoo za baiskeli. Humo ndani zilitengenezwa filamu zilizooneshwa nchi ambazo mimi nimeziona kwenye ramani tu. Filamu ya barafu ya kaskazini na watu wanaoipima. Filamu ya merikebu iliyozama Baltiki, mbao zake zikiwa nzima kabisa kwa sababu maji yale hayana wadudu wa kuzila. Filamu ya kipindupindu katika mji wa bandari, ambayo baada ya kuitazama mke wangu alichemsha maji ya bomba kwa juma zima, na hapa ni Sweden! Nilijivuna kwa filamu zile kana kwamba nilizizaa. Wageni wakija nyumbani niliwaonesha hata zile ambazo sikuwa na mkono wangu ndani.

Kitu kimoja hakukubali kabisa: kumhoji mtu mikono ikiwa mitupu. Profesa wa barafu alikutwa nyumbani kwake amevaa tai, ameketi mbele ya rafu ya vitabu. Mwongozaji alimvua tai, akampeleka jikoni, akampa kisu na sufuria ya viazi. "Menya, huku unaniambia," akamwamuru. Profesa akamenya. Alipofika kwenye kiasi cha barafu kilichopotea tangu aanze kazi akiwa kijana, alijikata kidole, akatulia akitazama damu, kisha akaendelea kumenya. Kipande hicho ndicho watu wanachokikumbuka. Mwongozaji aliamini kwamba mtu mwenye kisu mkononi hana nafasi ya kujipamba.

Hakuwataka pia waigizaji waliovaa mawigi wakijifanya wafalme. Kama hakuna picha ya jambo, alisema, tuoneshe mahali lilipotokea, tukae kimya, mtazamaji ana kichwa chake.

Sasa msidhani namsifia malaika. Alifika kwenye miadi dakika ileile iliyopangwa, akakununia ukichelewa mbili, lakini filamu zake zenyewe zilichelewa miaka. Alinifokea kwa kuacha taa ya ngazi ikiwaka, na huku chumba chake cha chini kimejaa kanda hadi mlango haufunguki vizuri. Alikuwa na koti moja la majira ya baridi, la kijani, lililochakaa mifukoni kwa kubebeshwa betri. Na mtu huyu, ambaye aliweza kumpigia simu mtaalamu mara nne kuuliza kama jambo lilitokea asubuhi au mchana, alikuwa mwizi mkubwa kwenye karata. Nilimkamata na jike la kopa chini ya paja. Hakuona haya hata kidogo. "Ukweli ni wa kazini," akasema, akalichomoa na kulicheza.

Nimeyasema haya yote ili mnielewe nikifika kwenye kosa langu.

Filamu ya mwisho aliyoifanya ilihusu ugonjwa wa malale na kambi ambazo madaktari wa Kijerumani waliziweka kandokando ya Ziwa Tanganyika, enzi za utawala wao. Alikuwa na ripoti za madaktari hao, makaratasi mengi, kila kitu kimeandikwa kwa mwandiko safi. Alichokosa ni mtu wa upande wa pili. Mimi ndiye niliyemwambia kwamba upande wa pili unakaa jengo la pili. Fundi cherehani alilelewa na bibi yake kule kwenye mwambao wa ziwa, na bibi huyo, akiwa msichana, aliwekwa kambini. Alikufa kipofu.

Tukaenda. Mpiga picha akafunga kamera, Mwongozaji akashika sauti mwenyewe kama kawaida yake, na fundi akawekwa kwenye cherehani yake ashone. Alishona mkono wa gauni huku akisimulia, polepole, mguu ukikanyaga. Mkewe alikuwa ametuwekea chai na maandazi. Mjukuu, aliyekuwa na miaka kumi na minne wakati ule, alikaa pembeni na simu yake. Halafu mguu wa fundi ukasimama, na cherehani ikanyamaza.

"Bibi yangu walimfungia pale kama mbuzi," akasema. "Kila siku sindano, kila siku sindano, mpaka macho yake yakakufa. Hakuna hata mmoja alimuulizaka kama anataka. Kisha wakaandika kwa kitabu yao kwamba amepona."

Machozi yalimtoka, hakuyafuta. Mwongozaji akanigeukia anisikilize.

Ninaweza kueleza kilichonipata, lakini sina utetezi. Nilimwona mama wa Kijerumani ameshika andazi la watu, amekuja nyumba ya watu amevua viatu mlangoni, mgeni. Mimi nimelelewa hivi: mgeni hapigwi na maneno akiwa na chakula chako mkononi. Nikasema kwa Kiswidi kizuri: "Bibi yake alikaa kambini kwa matibabu. Baada ya sindano nyingi macho yake yalidhoofika. Madaktari waliandika kwamba alipona." Nilijiona nimefanya ungwana. Fundi hakujua Kiswidi cha kunikosoa, na mjukuu wake, ambaye Kiswahili kilimpita, hakuinua kichwa.

Jioni ile nyumbani nikaandika tafsiri yote hivyohivyo, kwa wino wa adabu.

Miezi ikapita, filamu ikaisha. Kituo cha televisheni huko Ujerumani kilishaipangia siku, na zilikuwa zimebaki wiki mbili. Mwongozaji akaniita chini niitazame, sisi wawili tu. Ilikuwa nzuri. Lakini fundi alipotokea, analia, na chini ya uso wake yakaandikwa yale maneno yangu laini, niligeukia rafu za kanda. Mwongozaji akasimamisha picha hapo.

"Uso wake na maneno yake havikubaliani," akasema. "Nimetazama mara mia. Mtu halii hivi kwa sentensi kama hii."

Hapo ndipo mlango ulikuwa wazi kabisa, na mimi nikaufunga. "Wazee wetu hulia kwa urahisi," nikamwambia. Nilimsingizia machozi mzee wa watu ili mimi nisiumbuke. Katika maisha yangu yote huku ughaibuni sijasema neno linaloniaibisha kuliko hilo.

Sikulala vizuri siku tatu. Ya nne nilipanda ghorofa ya nane kwa ngazi, nikaacha lifti, ili nichelewe kufika. Nilimkuta jikoni. Nikamwambia nikiwa nimesimama mlangoni: kwamba nililainisha, kwamba nililainisha kila mahali, na kwamba yale ya machozi yalikuwa uongo mtupu.

Hakufoka. Ningependa angefoka. Alivuta kiti, akakiweka mbele ya meza, akanisogezea sufuria ya viazi na kisu.

"Sasa sema tena," akasema. "Kama alivyosema yeye."

Nikamenya, nikasema. Walimfungia kama mbuzi. Mpaka macho yake yakafa. Hakuna hata mmoja aliyemuuliza. Alikuwa akiandika, na nilipofika mwisho aliweka kalamu chini, akakaa akitazama dirishani kwenye maegesho ya magari.

"Unajua kwa nini sikushtuka?" akasema. "Tafsiri yako ilikubaliana na ripoti za madaktari. Karibu neno kwa neno. Nikafurahi. Nikadhani nimepata uthibitisho." Kisha akanigeukia. "Ulinihurumia, Mwalimu. Sikukuomba hilo. Mimi si mgeni wako. Tunafua nguo chumba kimoja."

Sehemu nzima ya filamu ilikuwa imesimama juu ya sentensi zangu. Maelezo ya msimulizi yalizifuata, muziki ulizifuata. Haikuwa kazi ya kubadilisha maandishi ya chini tu. Aliwapigia simu watu wa televisheni mbele yangu, kwa Kijerumani, na ingawa sikuelewa maneno nilielewa wazi kwamba upande wa pili hawataki. Alipokata simu akanitafsiria, yeye kwangu safari hii, bila kulainisha chochote: wamesema iende hivyohivyo, Kiswahili kile nani atakijua.

"Ukawajibu nini?"

"Nimewajibu: Hallunda wanakijua."

Akaiondoa filamu yake. Siku iliyopangwa ikapita, nafasi ikapewa kitu kingine, na kituo kile hakikumpa kazi tena. Alikuwa amefika umri ambao watu hawakuombi mara ya pili. Alijua hivyo alipoinua simu. Mimi nilikuwa nimekaa pale na ganda la kiazi mkononi, nikamwona anaitoa filamu ya mwisho ya maisha yake kwa ajili ya macho ya bibi mmoja asiyemjua, na nawaambia, kifua changu kilijaa. Aibu ilikuwamo. Lakini fahari ilikuwa kubwa kuliko aibu.

Tulifanya kazi kule chini majira yote ya baridi. Nilitafsiri upya kila neno, naye kila mara akiniuliza: "Hivi ndivyo, au umeweka sukari?" Aliirudia ile sehemu yote tangu mwanzo. Ripoti za madaktari zikasomwa kwa sauti kama zilivyo, halafu fundi akasema yake. Baada ya fundi akaweka picha ya cherehani iliyosimama na dakika yake ya ukimya, ile aliyoiharibu mzee kwa Amina yake. Safari hii hakuikata.

Ilioneshwa kwanza hapahapa, katika ukumbi mdogo karibu na kituo cha maduka, kabla ya mahali pengine popote. Walikuja Warundi wa Hallunda, wengine wakatoka miji ya mbali, Södertälje na Märsta, baada ya zamu za kazi. Fundi alikaa mstari wa mbele amevaa suti aliyoishona mwenyewe, mjukuu wake kando. Msichana yule alisoma yale maneno ya Kiswidi chini ya uso wa babu yake, nikamwona anaishusha simu taratibu mpaka magotini. Kisha ukaja ule ukimya mrefu, na kutoka kwenye vipaza sauti ikasikika "Amina" ya fundi na mkewe. Ukumbi mzima ukaitikia. Nilimtafuta Mwongozaji kwa macho. Alikuwa amesimama nyuma kabisa ukutani na koti lake la kijani, anatazama sakafu.

Taa zilipowaka, mjukuu alimgeukia babu yake akamwuliza kwa Kiswidi kwa nini hajawahi kuwaambia. Nikainama ili nimtafsirie mzee, lakini swali hilo alilielewa bila mimi.

"Niliwaambia," fundi akasema. "Siku zote niliwaambia."

Akamshika mkono. Fundi aliishi karibu mwaka mmoja baada ya hapo, na mjukuu akaanza kuja kwenye darasa langu. Hajui bado kutofautisha wakati uliopita na ujao, lakini hakosi kipindi.

Majira ya kuchipua yaliyopita Mwongozaji aliniita tena kule chini. Alikuwa anahamia Ujerumani kwa dada yake. Kanda zote zilishachukuliwa na watu wa hifadhi, na kwa mara ya kwanza katika miaka ishirini mlango ulifunguka mpaka mwisho. Palibaki viti viwili na kinasa sauti kimoja cha zamani sakafuni. Alikuwa amekonda, koti limemzidi.

Akanisimulia jinsi profesa wa barafu alivyojikata kidole. Nikacheka. Tukaongea habari za wanangu, za kodi ya nyumba kupanda. Akanisimulia jinsi profesa wa barafu alivyojikata kidole. Nikacheka tena, kidogo. Nikamsaidia kukunja waya. Alipoanza tena na viazi na ile tai, niliinama nikajifanya natafuta kitu chini ya kiti.

Akaiacha hadithi katikati. Mtu aliyetazama nyuso maisha yake yote huwezi kumfichia uso.

"Mwalimu," akasema. "Nimeshakusimulia hiyo?"

Nilihisi ulimi wangu unajiandaa kwa ungwana wake wa zamani. Hadithi nzuri haichoshi, ningeweza kusema. Sote tunasahau, ningeweza kusema. Nilitafuta kitu cha kushika, nikauchukua ule waya nikaanza kuukunjua na kuukunja upya.

"Hii ni mara ya tatu tangu nifike," nikasema. "Na juzi kwenye simu mara mbili."

Aliitikia kwa kichwa polepole. Macho yake yalilowa, lakini uso ukamlegea, ukapata raha ambayo sikuitegemea. "Asante," akasema. "Dada yangu anasema si kitu. Daktari anasema ni uchovu. Wote wananilainishia."

Tukakaa. Baadaye akainama, akabonyeza kinasa sauti, akauinua mkono wa kushoto kama zamani. Sikumwuliza ukimya wa chumba kitupu ni wa kuziba pengo gani. Nilisikia mabomba, mtu anaegesha baiskeli nje, na mbali kabisa treni ya laini nyekundu inaingia Hallunda. Nilikuwa nasubiri lile "Imetosha" lake.

Mkono ukashuka.

"Amina," akasema, akazima mashine.